Ng'wanamalundi: Mcheza ngoma wa Usukuma aliyewatia hofu watawala

JINA la Ng'wanamalundi halihitaji utambulisho katika Kanda ya Ziwa. Kuanzia Sola na Bariadi mkoani Simiyu hadi Kwimba, Magu, Misungwi na Shinyanga, ni jina ambalo mtoto hulisikia kwa bibi yake kabla hajajua kusoma. Mijini nako limefika. Mtu akifanya jambo lisiloelezeka kwa urahisi, hakosi wa kumfananisha na Mwanamalundi, kama jina hilo linavyotamkwa na wasio Wasukuma.

Wengi wanapolitaja hukumbuka miujiza: mti uliokauka baada ya kunyooshewa kidole, nyayo zilizobaki juu ya jiwe, minyororo iliyoshindwa kumzuia mfungwa. Kinachosahaulika ni kazi iliyompatia mtu huyo umaarufu. Kabla ya kuitwa mganga, na kabla ya watu wa mbali kumwita mchawi, Ng'wanamalundi alikuwa mcheza ngoma. Uwanja wa ngoma ndiko alikojifunza kukusanya watu, na uwezo huo wa kukusanya watu ndio uliomfikisha mbele ya serikali ya kikoloni ya Kijerumani.

Mtoto wa Bugomola

Jina lake la kuzaliwa lilikuwa Igulu, mwana wa Bugomola. Mwaka unaotajwa kuwa wa kuzaliwa kwake ni 1892, katika kijiji cha Ng'wakubilinga kwenye utemi wa Nera, nchi ya Kwimba, kusini mwa Ziwa Victoria. Ng'wanamalundi ni jina la sifa alilopewa baadaye. Katika Kisukuma, ng'wana ni mtoto wa fulani, na sehemu ya pili ya jina huhusishwa na miguu mirefu, kwa kuwa kijana huyo alikua mrefu kuliko wenzake na miguu yake ilikuwa ya kwanza kuonekana alipoingia uwanjani.

Alizaliwa katika wakati mgumu. Mwanzoni mwa miaka ya 1890, ugonjwa wa sotoka ulienea Afrika Mashariki na kufyeka mifugo. Kwa Msukuma, ng'ombe ni akiba, mahari, faini na heshima kwa pamoja, hivyo pigo hilo liligusa kila nyumba. Katika miaka hiyo hiyo Wajerumani walijenga kituo chao Mwanza na kuanza kuzifanya himaya za watemi kuwa sehemu ya koloni lao. Mwaka 1898 walianzisha kodi ya nyumba. Watemi waliokuwa wakitawala kwa mila na tambiko wakajikuta wakitakiwa kukusanya kodi na kutoa watu wa kazi.

Igulu alikua kati ya mamlaka hizo mbili: ile ya mtemi, ambayo watu waliifahamu, na ile ya boma, ambayo waliiogopa. Hakuwa mtoto wa mtemi, na wala hakurithi kiti. Njia iliyokuwa wazi kwa kijana wa kawaida mwenye kipaji ilikuwa moja, nayo ilipitia kwenye ngoma.

Shule iliyoitwa mbina

Si rahisi kwa msomaji wa mjini, aliyezoea kuiona ngoma ikichezwa dakika tano uwanja wa ndege kumpokea kiongozi, kuelewa uzito wa neno mbina katika Usukuma. Mbina ni ngoma, lakini pia ni chama, mashindano, shule na mahali pa kupatia jina. Msimu wake ni kiangazi, kuanzia Juni baada ya mavuno, wakati ghala limejaa na jembe limepumzika.

Chimbuko lake lipo karibu sana na shamba. Vijana wa kijiji walikuwa na umoja wao chini ya kiongozi waliyemchagua wenyewe, nsumba ntale, aliyepanga kazi za pamoja na kutoza faini kwa wavivu. Mwenye shamba kubwa aliwaalika, nao walikuja na majembe yao wakilima kwa kufuata mdundo, manju akiimba na wengine wakiitikia. Ngoma ya bugobogobo, ambayo wachezaji wake hurusha majembe hewani na kuyadaka, ilitokana na kilimo cha namna hiyo. Mchezaji mzuri alikuwa kwanza mlimaji mzuri.

Juu ya vikundi hivyo vya vijiji vilikuwapo vyama viwili vikubwa vilivyogawa Usukuma mzima: Bagika na Bagalu. Asili yake hurejeshwa katikati ya karne ya 19 kwa watu wawili, Ngika na Gumha, ambao wote walikuwa waganga na wachezaji, na kila mmoja alitaka kuthibitisha kuwa ndiye mwenye kupendwa zaidi. Wafuasi wao walirithi ushindani huo na kuuendeleza kizazi baada ya kizazi. Mpaka karne hii, Msukuma mwenye kujua mambo ya ngoma akiulizwa ni wa upande gani, jibu lake huwa ni moja kati ya hayo mawili.

Mashindano yenyewe yana kanuni iliyo rahisi lakini yenye ukali. Makundi mawili hucheza kwa wakati mmoja, kila moja upande wake wa uwanja. Hakuna jopo la waamuzi wala alama za kuandika kwenye karatasi. Watazamaji wako huru kuhama. Wakichoshwa na upande huu huvuka kwenda ule, na mwishoni, kundi lenye umati mkubwa ndilo mshindi. Mchezaji anaweza kuona kwa macho yake mwenyewe umati ukimkimbia mguu kwa mguu.

Kwa sababu hiyo, kila kundi lilibuni njia ya kuwavuta watu. Bayeye walicheza na nyoka. Wapo waliochonga sanamu za mbao zenye viungo vinavyocheza, na wapo waliovaa mavazi ya kuchekesha. Manju alitunga nyimbo za kejeli zilizomvua nguo mpinzani mbele ya watu, akimtaja kwa mafumbo, akiucheka mwendo wake, ukoo wake na hata sufuria ya nyumbani kwake. Ulikuwa ni uwanja wa kicheko na ujasiri, na mambo yasiyosemwa barazani yalisemwa hapo bila mtu kushitakiwa.

Pamoja na hayo yote ilikuwapo dawa. Wasukuma waliiita samba, dawa ya ngoma, ambayo kazi yake ilikuwa kumpendezesha mchezaji machoni pa watu na kuwafanya wasitamani kuondoka. Kiongozi wa ngoma alitarajiwa kuifahamu, kama vile alivyotarajiwa kufahamu nyimbo na hatua. Ndiyo maana katika Usukuma mpaka kati ya mcheza ngoma na mganga ulikuwa mwembamba: Ngika na Gumha walikuwa vyote viwili, na waliowafuata walitakiwa kuwa hivyo.

Uwanja unajaa

Katika dunia hiyo ndimo Igulu alimogeuka kuwa Ng'wanamalundi. Masimulizi ya Usukuma yanamchora akiwa kijana mrefu, mwepesi, mwenye madaha, ambaye akianza kucheza hakuna aliyebaki upande wa pili. Kundi lake halikukaa kijiji kimoja. Lilikwenda kutoka utemi mmoja hadi mwingine, likialikwa na kukaribishwa, na kila lilipopita liliacha watu wakizungumza na liliondoka na wafuasi wapya.

Miongoni mwa wafuasi hao walikuwapo wanawake wengi, na hapa ndipo sifa zilipoanza kuchanganyika na lawama. Inasimuliwa kuwa wanawake waliacha vyungu jikoni na kwenda kwenye ngoma ya Ng'wanamalundi, na kwamba wengine hawakurudi kwa waume zao hadi msafara ulipokwisha. Waume walisema ni dawa. Jambo hilo lilikuwa zito kuliko wivu. Mke alioewa kwa ng'ombe, na akiondoka, ng'ombe huleta kesi: zirudi ngapi, zilizozaa zihesabiweje, na mtoto ni wa nani. Katika nchi iliyokuwa bado inajaza upya mazizi baada ya sotoka, mcheza ngoma mmoja aliweza kuleta mashauri mengi kwenye baraza la mtemi.

Kwa upande wa wanawake wenyewe, hata hivyo, habari hiyo inaweza kusomwa kwa namna nyingine. Mwanamke wa Kisukuma wa zama hizo aliamka kabla ya jua, alitwanga, aliteka maji, alilima na kupalilia. Kiangazi kilikuwa ndicho kipindi chake cha kupumua, na uwanja wa ngoma ulikuwa miongoni mwa mahali pachache ambapo aliweza kwenda, kusimama, kuchagua upande anaoutaka na hesabu yake ikawa sawa na ya mwanamume. Katika mashindano ya mbina, miguu ya mwanamke ilipiga kura. Ilikuwa rahisi kwa mume kusema mkewe amerogwa kuliko kukubali kuwa amependa alichokiona.

Watemi nao walikuwa na sababu zao za kuangalia kwa makini. Katika Usukuma, ngoma haikuwa chombo cha burudani tu. Ngoma za kifalme zilikuwa alama ya utawala, na wazee wa baraza lililomchagua mtemi waliitwa banang'oma, jina ambalo ndani yake ngoma inasikika. Mtu wa kawaida aliyeweza kupiga ngoma na kukusanya watu wengi kuliko mtemi alikuwa amegusa jambo la utawala, hata kama nia yake ilikuwa kucheza tu.

Kidole kilichokausha miti

Kadiri umaarufu ulivyokua, ndivyo visa vilivyoongezeka. Kinachojulikana kuliko vyote ni kile cha miti. Inaelezwa kuwa Ng'wanamalundi alikuwa na uwezo wa kuunyooshea mti kidole ukakauka papo hapo, na kwamba kwa sababu hiyo alijizoeza kutonyoosha kidole ovyo, asije akamdhuru mtu. Kisa kingine kinahusu nyayo zake, ambazo zinasimuliwa kuwa zilibaki kwenye mwamba alipokanyaga akicheza, kana kwamba jiwe lilikuwa tope.

Visa hivyo vinapochunguzwa, jambo moja hujitokeza: karibu vyote vinaanzia mwilini. Ni kidole, ni nyayo, ni miguu. Hakuna kisa maarufu kinachomtaja akiwa na kitabu, upanga au kiti cha enzi. Watu waliomwona walihitaji kueleza nguvu waliyoiona katika mwili unaocheza, na lugha waliyokuwa nayo ya kuieleza nguvu hiyo ilikuwa lugha ya dawa. Mguu uliokanyaga ardhi kwa namna ambayo waliokuwapo hawakuisahau ukawa, katika simulizi za wajukuu wao, mguu uliokanyaga jiwe likabonyea.

Pia ni visa vyenye maadili ndani yake. Mtu mwenye kidole cha kukausha miti anayekikunja asiumize watu ni mtu mwenye nguvu na kiasi. Katika Kisukuma, mganga ni nfumu, na mchawi ni nogi, na tofauti kati ya hao wawili si ya dawa wanazozijua bali ya nia wanayoitumia. Masimulizi ya nyumbani kwake yanamweka Ng'wanamalundi upande wa kwanza. Ni mbali na nyumbani, ambako ngoma yake haikuonekana na habari zake zilifika zikiwa zimekatwa vipande, ndiko alikopewa jina la pili.

Boma la Mwanza

Masimulizi yote makuu ya maisha yake yanakutana kwenye tukio moja: Wajerumani walimkamata. Kwa kuwa utawala wa Wajerumani Mwanza ulikoma Julai 1916, majeshi ya Uingereza yalipouteka mji huo, tukio hilo lilimpata akiwa bado kijana, kabla hajafikisha umri wa miaka 25.

Sababu ya serikali yenye bunduki kumhofia mcheza ngoma inaeleweka ikikumbukwa yaliyotokea kusini mwa nchi miaka michache kabla. Mwaka 1905, katika milima ya Umatumbi, Vita vya Maji Maji vilianza. Mtu aliyewaunganisha watu wa makabila mbalimbali hakuwa mtemi wala jemadari. Alikuwa mganga, Kinjekitile Ngwale wa Ngarambe, aliyegawa maji ya dawa na kuwakusanya mahujaji kwa maelfu. Wajerumani walimnyonga Agosti 1905, lakini vita viliendelea hadi 1907 na makumi ya maelfu ya watu walikufa, wengi wao kwa njaa iliyoletwa na mashamba kuchomwa moto.

Baada ya vita hivyo, kila mganga aliyekusanya watu alitazamwa kwa jicho jingine. Usukuma haukushiriki Maji Maji, lakini ulikuwa na watu wengi kuliko nchi nyingi za koloni hilo. Afisa wa boma aliyesikia kwamba kuna kijana anayezunguka na umati, anayesemwa kuwa ana dawa, anayeachisha watu kazi na kuwafanya wake waache waume, hakuhitaji kuamini miujiza ili kuchukua hatua. Ilimtosha kuhesabu watu. Na watemi waliochoshwa na kesi za ng'ombe hawakuwa na sababu kubwa ya kumtetea.

Simulizi za wananchi zinaijaza safari hiyo ya kifungo kwa visa. Inaelezwa kuwa minyororo ilimfunguka, kwamba walinzi walimkuta nje ilhali mlango umefungwa, na kwamba alipotakiwa aonyeshe uwezo wake aliunyooshea mti kidole, ukanyauka mbele ya wakubwa wa Kijerumani. Katika visa hivyo, mzungu hushangaa, huogopa, na mwishowe humwachia aende zake.

Ni rahisi kuvicheka. Lakini waliovisimulia kwanza walikuwa watu waliotozwa kodi kwa nguvu, waliochapwa viboko na kupelekwa kazini bila hiari, katika nchi ambayo upinzani wa silaha ulikuwa umeonekana unavyoishia. Hadithi ya mtu wao mmoja, asiye na silaha yoyote isipokuwa mwili wake, aliyeingia mikononi mwa serikali hiyo na kutoka akiwa mzima, ilikuwa na kazi ya kufanya. Iliwaambia kuwa serikali ile ina mipaka.

Hofu ya dunia nzima

Hofu dhidi ya mchezaji anayevuta umati haikuwa ya koloni hilo peke yake. Ulaya na Marekani za enzi hizo zilikuwa na kumbi za burudani ambamo dansi, kejeli na mavazi ya kusisimua vilichanganywa kwenye jukwaa moja, na wachezaji wake walipendwa na kushukiwa kwa wakati mmoja. Mata Hari, mwanamke wa Kiholanzi aliyeanza kuvuma Paris mwaka 1905 kwa dansi alizodai ni za mashariki, alipigwa risasi na Wafaransa Oktoba 1917 kwa kosa la ujasusi. Waliomhukumu walimwona kama mwanamke ambaye macho yake na mwendo wake viliweza kuwalegeza maofisa wa majeshi.

Josephine Baker, Mmarekani mweusi aliyezaliwa St. Louis mwaka 1906, aliingia Paris mwaka 1925 na mwaka uliofuata akawa gumzo la Ulaya kwa dansi aliyoicheza akiwa na sketi ya ndizi za bandia. Mwaka 1929 mji wa Munich ulimzuia kucheza kwa hoja ya kulinda maadili. Baker alifariki mwaka 1975 baada ya maisha yaliyojumuisha kuisaidia Ufaransa dhidi ya utawala wa Hitler, na mwaka 2021 nchi hiyo ilimpa heshima ya kukumbukwa katika jengo la Panthéon pamoja na mashujaa wake.

Watu hao hawakujuana na kijana wa Nera, na mazingira yao yalitofautiana mno. Lakini kila mmoja alishitakiwa, mahakamani au mitaani, kwa kosa lililofanana: kwamba watu walimtazama kupita kiasi. Paris ililiita jambo hilo hatari kwa usalama, Munich ikaliita uharibifu wa maadili, na kwa Ng'wanamalundi likaitwa uchawi.

Kurudi nyumbani

Ng'wanamalundi alirudi Usukuma. Miaka yake ya baadaye aliishi chini ya utawala wa Waingereza, ambao walitawala kwa kuwatumia watemi na kwa ujumla waliziacha ngoma ziendelee, ingawa sheria ya uchawi iliyotungwa mwaka 1928 iliwapa maofisa wao uwezo wa kuwashughulikia waganga waliowatilia shaka. Mwaka huo huo reli kutoka Tabora ilifika Mwanza, na kilimo cha pamba kikazidi kupanuka. Vijana walianza kwenda mbali kutafuta fedha, na vikundi vya kulima kwa ngoma vikapata kazi mpya katika mashamba ya pamba.

Katika mabadiliko hayo yeye alibaki kuwa mtu ambaye watu walisafiri kwenda kumwona. Wengine walifuata dawa, wengine walitaka tu kurudi kwao na kusema wamemwona. Alifariki mwaka 1936, akiwa na umri wa takriban miaka 44. Kwa mtu aliyebeba visa vyote hivyo, ni maisha mafupi. Mtoto aliyemwona akicheza katika ujana wake aliweza kuishi hadi baada ya uhuru, akawasimulia wajukuu aliyoyaona na kuongeza chumvi kidogo kila mwaka.

Alichoacha

Serikali ya Tanganyika huru ilipofuta mamlaka ya machifu mwaka 1963, watemi waliokuwa na nguvu ya kumwita Ng'wanamalundi barazani wakabaki katika historia. Ngoma haikufutwa. Bagika na Bagalu waliendelea kushindana, na wanaendelea. Katika kituo cha Bujora, Kisesa, nje kidogo ya Mwanza, ambako Padri David Clement kutoka Kanada alianza katika miaka ya 1950 kazi iliyozaa Makumbusho ya Wasukuma, makundi hukutana kila mwaka katika sherehe za Bulabo, wakati wa sikukuu ya Ekaristi. Umati bado unahama kutoka upande mmoja kwenda mwingine, na bado ndio unaoamua.

Fasihi nayo haikumsahau. Mwandishi Emmanuel Mbogo alilichukua jina lake na kuliweka kwenye jukwaa la kisasa katika tamthilia ya Ngoma ya Ng'wanamalundi, iliyochapishwa mwaka 1988. Inafaa kutambua kwamba neno la kwanza katika jina la tamthilia hiyo ni ngoma. Msanii alimkumbuka msanii mwenzake kwa kazi yake.

Katika mazungumzo ya kila siku, hata hivyo, neno linaloshikamana na jina hilo ni uchawi, na hilo si jambo dogo katika Kanda ya Ziwa. Ni eneo ambalo vikongwe wameuawa kwa sababu ya macho mekundu yaliyotokana na moshi wa jikoni, na ambalo watu wenye ualbino waliwindwa kwa imani kwamba viungo vyao vinaleta utajiri. Imani ya namna hiyo huanza pale watu wanapokataa kuamini kwamba mafanikio, ugonjwa au kupendwa kunaweza kuwa na sababu ya kawaida. Aliyefanikiwa ana dawa, aliyefiwa amerogwa, na aliyependwa amewapumbaza watu.

Mcheza ngoma aliyejaza uwanja alifanya mazoezi. Alijifunza kwa waliomtangulia, alilima kwa mdundo tangu utotoni, alishindwa mbele ya umati unaohama, akarudi msimu uliofuata akiwa bora zaidi. Ng'wanamalundi hakuwa na njia ya mkato kuipita hiyo, kwa kuwa kanuni za mbina hazikumpa mtu yeyote njia ya mkato. Kusema kwamba yote yalikuwa dawa ni kumnyang'anya kazi yake.

Kila kiangazi kinapofika, vumbi la uwanja wa ngoma huinuka tena katika vijiji vya Simiyu baada ya pamba kuvunwa. Vijana wa Bariadi na Sola wanaoingia uwanjani humo wanalijua jina la mtu mrefu wa Nera, na wapo wanaotamani kidole chake. Kilichomfikisha alikofika kilikuwa chini zaidi, kwenye miguu iliyompa jina.